Mnara wa saa wa Kisumu na wahamiaji wa duka: walifikaje kwenye siasa?

BabaAkinyi_Ksm

Wakuu habari za jioni. Naomba msaada wa wenye kujua historia maana mtoto ameniuliza swali nikakwama kabisa na sipendi kumdanganya.

Jumamosi nilikuwa town na msichana wangu, tumetoka soko la Jubilee tukapita Oginga Odinga Street pale kwenye mnara wa saa. Huyu mtoto anasoma kila kitu kilichoandikwa mahali, akasimama akasoma lile bamba lote, kwamba mnara ni wa kumbukumbu ya Kassim Lakha aliyefika Afrika Mashariki 1871 akafariki Kampala 1910, watoto wake wakaujenga na gavana akaja kuufungua 1938. Mimi nimepita hapo karibu miaka arobaini na sijawahi kusimama nikasoma. Akaniuliza, baba, 1871 reli haikuwako, huyu mtu alifika aje huku, na alikuwa anauza nini, na kama walikuwa na pesa ya kujenga mnara katikati ya mji mbona hatusomi kwamba walikuwa viongozi, ama walikuwa?

Nikanyamaza. Babu yangu mzaa baba alibeba magunia kwa duka la Mhindi upande wa Kibos, hiyo ndiyo hadithi ninayoijua mimi. Alikuwa akituambia tajiri wake ana kitabu cha madeni chenye majina ya location nzima, ila siku akiitwa na DC, mkuu wa wilaya, anavua kofia mlangoni na kusimama kama yule aliyembebea magunia. Hiyo picha sijawahi kuielewa vizuri, mtu mwenye pesa yote hiyo na bado anasimama mlangoni.

Jina moja tu ninalolijua la mfanyabiashara Mhindi wa zamani aliyeingia siasa ni Jeevanjee, na nalijua juu ya ile bustani ya Nairobi yenye jina lake. Nimesikia alikaa Baraza la Kutunga Sheria. Alianzia wapi, aliingia kwa njia gani, na akiwa ndani alimsaidia nani? Naomba majibu ya kweli tafadhali, najua mada kama hii huharibika haraka ikageuka matusi ya kikabila.

MwalimuMstaafu_Njoro

Baba Akinyi, msalimie huyo mtoto sana, ameuliza swali ambalo mimi nimefundisha historia miaka mingi na ni wanafunzi wawili watatu tu waliwahi kuniuliza. Nitajibu kwa urefu kidogo, mnivumilie.

Nianze na hiyo ya 1871. Kabla ya reli njia ilikuwa ya misafara, watu kwa miguu, mizigo kichwani. Wahindi wa Kutch na Gujarat walikuwa wakija Zanzibar na Bagamoyo kwa majahazi ya pepo za kaskazi tangu zamani sana, wengine wakiwa watoto wadogo. Chukua Alidina Visram. Alizaliwa Kutch 1851, akafika pwani 1863 akiwa na miaka 12, akaingia kazi kwa Sewa Haji Paroo wa Bagamoyo ambaye ndiye alikuwa bwana wa misafara, anakopesha wasafiri, anatoa wapagazi, ananunua pembe. Sewa Haji alipofariki 1897 ni huyu Visram aliyeendeleza ile biashara, na reli ilipoanza kupanda kutoka Mombasa yeye akawa anaifuata na duka, kituo kwa kituo, mpaka Kisumu na kuvuka hadi Uganda. Ndiyo maana unaona mtu kama Kassim Lakha amefika pwani na maisha yake yanaishia Kampala, ilikuwa njia moja ndefu na duka ndizo zilikuwa nguzo zake.

Sasa Jeevanjee. Jina kamili Alibhai Mulla Jeevanjee, Mwislamu wa jamii ya Wabohora, amezaliwa Karachi 1856. Alitoka nyumbani kijana, akazunguka India akichuuza, halafu 1886 akaenda mpaka Adelaide huko Australia akawa anauza bidhaa za mashariki. Nasisitiza hii ya Adelaide kwa sababu watu hudhani hawa walikuja Mombasa moja kwa moja kama waliotumwa. Huyu alikuwa mtu wa kutafuta, akiona mahali pamefungika anahama. Mombasa alifika 1890 akafungua tawi la kampuni yake, na mteja wake mkubwa wa kwanza akawa ile kampuni ya Waingereza ya IBEA iliyokuwa ikitawala huku kabla ya serikali yenyewe kuchukua 1895.

Hapo ndipo utajiri ulianza, na hapa nataka tuangalie vizuri kwa sababu ndiyo jibu la nusu ya swali lako. Duka la kuuza chumvi na merikani halikumfanya mkubwa, kilichomfanya mkubwa ni kandarasi. Reli ya Uganda ilileta wafanyakazi kutoka India 31,983 kwa mikataba, watu hao lazima wale wali, dengu, unga, samli, kila siku, porini ambako hakuna kitu. Jeevanjee alipata kandarasi ya kuleta sehemu ya wale mafundi na vibarua na ya kulisha kambi, halafu akaongeza ya kuchimba tuta, ya kuvunja mawe, ya kujenga stesheni. Reli ilipofika Nairobi akajenga majumba ya serikali. Wafanyakazi 2,493 katika hao walikufa, na mtu akihesabu mali ya makontrakta wa wakati huo lazima ahesabu na hao pia.

Kwa hiyo kufikia 1900 na kitu, huyu ni mtu ambaye serikali haiwezi kulala bila yeye. Anamiliki soko Nairobi. Ameanzisha gazeti la African Standard kule Mombasa, likiwa la kila wiki, ambalo aliliuza 1905 na likawa East African Standard, hilo hilo mnaloliita Standard leo. Amewapa watu wa Nairobi bustani na kusimamisha humo sanamu ya Malkia Victoria iliyofunguliwa 1906 na Duke wa Connaught. Baraza la Kutunga Sheria lilianza 1907 bila Mhindi hata mmoja, Wahindi wakapiga kelele kwamba sisi ndio tunalipa ushuru na tunaendesha biashara ya nchi, na miaka michache baadaye gavana akamteua Jeevanjee. Mtu wa kwanza asiye mzungu kukaa mle ndani.

Lakini angalia neno hilo, akamteua. Hakuna aliyempigia kura. Aliingia peke yake katikati ya maofisa wa serikali na walowezi, na upande wa walowezi kulikuwa na watu kama Lord Delamere wa hapa kwetu Njoro ambao walikuwa wameapa nchi iwe ya wazungu. Kura moja kati ya zote hizo ungeifanyia nini? Hakukaa muda mrefu. Babu yako aliona sawasawa kabisa, yule tajiri wa mlangoni na Jeevanjee wa Barazani ni mtu mmoja, pesa inamfikisha mpaka kwa mlango.

NyarKano

Asante mwalimu, nimesoma yote mpaka chai ikapoa. Mimi ni wa Kano, nimezaliwa nikaona miwa pande zote, na hiyo ya Kibos ya babu yake Baba Akinyi nataka niiongezee kitu maana bila hicho mtoto hataelewa kwa nini babu alibeba magunia Kibos na si Nakuru.

Chukueni ramani ya reli. Kutoka Nakuru treni inapanda Njoro, Molo, Mau Summit, Londiani, inateremka Lumbwa ambayo sasa ni Kipkelion, inakuja Fort Ternan, halafu Koru, Muhoroni, Chemelil, Kibigori, Miwani, Kibos, Kisumu. Sasa waziri wa makoloni wa London, Lord Elgin, alikubali 1908 kwamba ardhi ya milimani kutoka Kiu huko Ukambani mpaka Fort Ternan isigawiwe Wahindi. Yaani kuna mahali kabisa kwenye reli ambapo ukishuka upande huu Mhindi anaruhusiwa kulima na ukirudi upande ule haruhusiwi. Fort Ternan hiyo ninyi mnapita na matatu mkienda Kericho hamjui mmevuka nini.

Kwa hivyo Nakuru Mhindi aliweza kuwa na plot ya duka mjini, kwa bazaar, lakini shamba hata ekari moja nje ya mji hapana. Huku kwetu chini kwenye joto na mbu, ambako wazungu hawakutaka sana, ndiko walipewa nafasi. Kibos serikali yenyewe iliwaweka Wahindi walime, mwanzoni kabisa mwa miaka ya 1900, wengine walikuwa ni hao hao waliobaki baada ya reli. Wakaanza na pamba, mahindi, miwa ya jaggery, yaani sukari guru, mpaka 1922 kiwanda cha Miwani kikaja, cha kwanza cha sukari Kenya. Ukiuliza kwa nini mkanda wa sukari uko hapa na kwa nini majina ya zamani ya mashamba ya hapa ni ya Kihindi, jibu ni huo mstari.

Na sitasema hii bila kusema ya pili. Hayo mashamba waliyopewa hayakuwa matupu. Bibi yangu alikuwa akionyesha kwa kidole mahali mama yake alikuwa na mtama, na ni katikati ya miwa. Yeye hakuwa na chuki, alikuwa tu anaonyesha. Waliokatazwa juu walipewa chini, na wa chini hakuna aliyemuuliza. Jeevanjee alipokuwa Barazani akililia ardhi ya milimani alikuwa na haki kwa upande wa watu wake, mimi namkubalia hapo, lakini ninapofikiria bibi naona katika chumba chote kile hakukuwa na mtu wa kusema kuhusu ule mtama.

Omwami_Butere

Mulembe nyote. NyarKano umenitoa maneno mdomoni. Mimi nina swali kwa mwalimu, na ninauliza kwa heshima.

Ni kweli au si kweli kwamba huyu Jeevanjee alipokwenda Uingereza 1910 aliwaambia watu wa magazeti kwamba ingefaa nchi hii yote iunganishwe na dola ya India? Nilisoma hivyo nikashindwa kulala. Yaani wazungu wanasema ni ya wazungu, huyu naye anasema ipewe India, na sisi tuko hapa tunalipa kodi ya nyumba. Mtu anaitwa mtetezi wa haki na haki yenyewe ni ya kugawana mali ya mwingine.

Halafu niongeze kuhusu Mumias kwa sababu watu wakitaja biashara ya zamani huku magharibi wanarukia Kisumu. Kabla reli kufika ziwani Desemba 1901, na kabla kuitwa Port Florence kwa jina la mke wa Preston aliyekuwa akitandika reli, mji wa huku ulikuwa kwa Nabongo Mumia, mfalme wa Wawanga. Misafara yote ya kwenda Buganda ililala pale, Waswahili walikuwa wamejenga na kuoa, kulikuwa na kanzu na misikiti wakati Kisumu ni nyasi na viboko. Na kumbukeni mpaka Aprili 1902 sisi wote huku, pamoja na Nakuru na Naivasha, tulikuwa Uganda, ndipo mkoa wa mashariki wa Uganda ukakatwa ukaunganishwa na upande wa Kenya. Kwa hiyo mfanyabiashara aliyekuja huku alikuwa kweli kwenye ukingo, mpaka wenyewe ulikuwa bado haujajua ukae wapi.

Duka lilipoingia vijijini kilichotusukuma kwenda ni kodi. Serikali inataka rupia 2 kwa nyumba, baadaye 3, na rupia ni pesa ya India, anayo nani? Mwenye duka. Unampelekea ngozi, simsim, samli, anakupa rupia, unampelekea chifu. Wazee wetu hawakukimbilia duka kwa kupenda shanga.

MwalimuMstaafu_Njoro

Omwami, ni kweli. Maneno hayo aliyasema, na mtu akiandika sifa zake akayaruka atakuwa hajaandika maisha yake. Ukitaka kuelewa alikotoka, wakati ule Wahindi walikuwa wanaambiwa na walowezi rudini kwenu, yeye akajibu kwamba sisi ndio tumeifungua hii nchi kwa biashara na serikali ya India itatulinda vizuri kuliko hii ya Nairobi. Kuelewa si kukubali. Mwafrika hakuwa kwenye hesabu yake kama mwenye nchi.

Na hayo madai, ya walowezi upande huu na ya Wahindi upande ule, ndiyo yaliyogongana mpaka 1923. Nirudi nyuma kidogo. 1914 Wahindi waliunda East African Indian National Congress huko Mombasa, Jeevanjee akiwa miongoni mwa waliousimamisha. Vita vikaja, vikaisha, 1920 walowezi wakapata uchaguzi wao, viti 11, wapiga kura wazungu peke yao. Wahindi walikuwa wengi kuliko wazungu na hawana kura. Vurugu ikawa kubwa, wengine katika walowezi walifikia kupanga kumteka gavana. Ndipo London ikatoa ile karatasi ya Devonshire, tamko la waziri wa makoloni, 1923, ikiwaambia wote wawili kwamba hii ni nchi ya Waafrika na maslahi ya Mwafrika ndiyo ya kwanza. Wahindi wakapewa viti 5 kwenye orodha yao ya kando, milima ikabaki ya wazungu. Mwafrika ambaye maslahi yake ni ya kwanza alikaa Barazani kwa mara ya kwanza 1944, Eliud Mathu, naye kwa kuteuliwa vilevile kama Jeevanjee zaidi ya miaka 30 kabla.

Nimalize na kitu cha Kisumu. Huyo DC wa babu yake Baba Akinyi alikuwa chini ya Provincial Commissioner, na PC wa Nyanza kuanzia 1907 mpaka 1917 alikuwa John Ainsworth. Huyu naye alianza maisha ya Afrika kama mtu wa kampuni ya biashara, kule Congo, kabla ya kuja kuajiriwa na IBEA. Nadhani ndiyo maana aliwaelewa wenye maduka kuliko maofisa wengine wengi, aliona kwamba bila duka la Mhindi simsim ya Nyanza haifiki meli. Aligawa mbegu, akasukuma watu wauze, duka zikaenea mpaka ndani ndani. Sasa tazama watu hawa wawili. Mmoja mfanyabiashara kutoka Manchester, mwingine mfanyabiashara kutoka Karachi, wote wahamiaji, wote waliifanyia kazi IBEA. Mmoja akatawala mkoa mzima miaka kumi. Mwingine, tajiri kuliko yeye mara nyingi sana, akapewa kiti kimoja cha kuteuliwa na hakuweza hata kununua shamba Molo.

Halafu 1917 Ainsworth akaondoka Kisumu kwenda kusimamia wapagazi wa vita, Kariakoo, na vijana wa Nyanza walikwenda kwa maelfu na wengi hawakurudi. Hiyo ni mada nyingine lakini siwezi kutaja jina lake kwa watu wa Kisumu nikaipita.

Kijana_wa_Kaunta

Habari zenu. Nimekuwa nikisoma kimya kimya, nikasita kama niandike. Mimi ni Mhindi wa Kisumu, babu wa babu yangu alikuja na reli, familia ilikuwa na duka vijijini kabla ya kuhamia mjini. Siongei kwa niaba ya mtu, nasema tu ya nyumbani.

Jeevanjee kwetu lilikuwa jina la mbali, la watu wakubwa wa Nairobi na Mombasa. Sisi tulikuwa wale wa duka la mabati, mbele kaunta, nyuma chumba cha kulala, katikati pazia la gunia. Mali yote ilikuwa ya mkopo kutoka kwa wakubwa mjini, wakubwa nao wamekopa Mombasa, Mombasa wamekopa Bombay. Watu waliona kitabu cha madeni ya wateja wakadhani babu ni tajiri. Kulikuwa na kitabu kingine chini ya godoro, cha yale aliyodaiwa yeye. Bibi alikuwa anakijua hicho cha pili kwa moyo.

Lakini sitasema hakuna waliopunja. Mizani ilichezewa, nimesikia kwa wazee wetu wenyewe wakikiri, na kuna watu waliuza ngozi ya ng'ombe wakarudi nyumbani na chumvi tu. Omwami ana haki ya kukasirika na NyarKano pia. Ile ya India kupewa nchi hii nilipoisoma mara ya kwanza niliona aibu.

Kuhusu kusimama mlangoni. Mji huu ulipangwa hivyo kwa karatasi kabisa. Mnamo 1913 na 1914 kulikuwa na profesa wa afya, Simpson, aliyeshauri serikali kwamba miji itengwe, wazungu kwao, Wahindi kwao, Waafrika kwao, sababu ikitolewa kuwa ni magonjwa, tauni. Mkitembea Kisumu mnaiona mpaka leo, Milimani kwenye upepo na miti, bazaar katikati, halafu location nje. Babu yangu alilipa kodi, alilipa leseni, na hakulala Milimani usiku mmoja.

Lakini pia naomba mtoto wa Baba Akinyi aambiwe kuna waliotoka kaunta wakaenda njia nyingine kabisa. Makhan Singh alikuja mdogo, baba yake alikuwa na kiwanda kidogo cha uchapishaji Nairobi, yeye akaunda chama cha wafanyakazi cha Wahindi na Waafrika pamoja, na Aprili 1950 akasimama kwenye mkutano akadai uhuru kamili sasa. Walimfungia zaidi ya miaka 11. Pio Gama Pinto aliuawa 24 Februari 1965 mlangoni kwake, na alikuwa mtu wa karibu wa Jaramogi Oginga Odinga. Hao hawakuomba India ipewe kitu.

NyarKano

Kijana wa kaunta karibu sana, na usisite tena, hapa ni kwako. Hicho kitabu cha chini ya godoro sitakisahau. Bibi yangu alikuwa akisema mwenye duka wa kwetu alikuwa hali nyama hata kwa sikukuu na sisi tulidhani ni uchoyo.

Nikukumbushe na wewe kitu, kutoka kuteuliwa mpaka kuchaguliwa mbona hatujakitaja? Kisumu tumempigia kura Shakeel Shabbir, alikuwa meya, akaenda bunge 2007, na 2017 alisimama kama mgombea huru bila chama chochote na Kisumu East ikamchagua. Mnajua hapa kusimama bila chama ni nini. Kajulu, Kolwa, Nyalenda, Manyatta, hizo ni kura za Wajaluo wa kawaida, mama wa samaki na kijana wa boda. Mwaka huo huo wa 2017, mwezi wa saba, serikali ikatangaza Wahindi wa Kenya kuwa kabila la 44. Watu wengi walicheka lakini mimi sikucheka.

Omwami_Butere

Kijana, nimekusoma mara mbili. Hasira yangu ilikuwa kwa maneno ya 1910, si kwako, na nashukuru umekiri ile ya mizani bila kusukumwa maana hakuna anayekirigi. Baba yangu alikuwa akitumwa duka la Mhindi Butere na yai mkononi, yai ndiyo pesa, anarudi na chumvi kwenye karatasi iliyokunjwa kama pembe. Alikuwa akisema yule mzee alimfundisha kuhesabu kwa Kiswahili kabla hajaona shule. Duka, gari, bima, laki, hundi, hata pesa yenyewe, maneno haya yote tumeyapata kwao na tunadhani ni yetu toka Adamu.

Mwalimu nisaidie moja la mwisho, ile bustani ya Nairobi, kweli ilikuwa ya watu au ilikuwa ya kumpendeza malkia?

MwalimuMstaafu_Njoro

Yote mawili Omwami. Sanamu ilikuwa ya kumwambia Mwingereza kwamba mimi ni raia wa dola yako kama hao walowezi, nipe haki yangu, hiyo ndiyo ilikuwa siasa yake karibu yote. Lakini ardhi aliitoa iwe ya watu wote kupumzika, na hilo ndilo lililobaki. Mwaka 1991 kulikuwa na mpango wa kuichukua na kuijenga, na ni mjukuu wake Zarina Patel aliyesimama mbele kuikataa, miaka miwili tu baada ya Wangari Maathai kukataa lile ghorofa la Uhuru Park, wakati kukataa kitu kulikuwa na hatari. Watu wa Nairobi wakasimama naye na bustani ikabaki. Jeevanjee alifariki 1936. Leo ukienda saa saba mchana utakuta wahubiri, vijana wanaotafuta kazi, wazee wamelala kwenye nyasi, watu wanabishana siasa mpaka povu. Hakuna anayeulizwa mlangoni yeye ni nani.

Baba Akinyi uko kimya, tumejibu au tumekuchanganya?

BabaAkinyi_Ksm

Mwalimu niko, nilikuwa nasoma nikimsomea na mtoto, tumekaa hapa mezani tangu saa moja. Amechora ile reli kwa daftari kuanzia Nakuru na kuweka mstari mwekundu pale Fort Ternan.

Nimempigia baba simu nikamuuliza tena hiyo habari ya babu na tajiri wake wa Kibos. Akanishangaza. Akasema siku babu alipofariki, 1968, yule Mhindi alikuja matanga na gunia la sukari na kile kitabu cha madeni, akakifungua mbele ya watu akatafuta jina la babu akalikata kwa kalamu. Baba alikuwa kijana, anasema watu walinyamaza kimya. Deni lenyewe lilikuwa la kiasi gani hakumbuki. Na anasema wako waliofurahi na kuna mjomba mmoja alikasirika akasema deni gani, huyu mtu amebeba magunia miaka ishirini na nane, nani anamdai nani.

Mtoto ameniuliza mjomba alikuwa na makosa. Nimemwambia sijui bado.

Kijana wa kaunta, kama hutajali, Jumamosi tukija town tutapita mnarani tena, anataka kunakili yale maandishi yote vizuri pamoja na majina ya wale watoto wanne waliojenga. Kama duka lenu liko karibu tutakuja kusalimia, ana maswali kuhusu hicho kitabu cha chini ya godoro.

Kijana_wa_Kaunta

Njooni kabla ya saa saba, Jumamosi tunafunga mapema. Mama atafurahi sana, bibi alimwachia kile kitabu na bado tunacho. Kimeandikwa Kigujarati lakini atamsomea.